Hatari ya Marejeo

Wazamiaji wa lulu wa Ghuba ya Uajemi, na wenzao wa pwani yetu waliokuwa wakipiga mbizi kutafuta kombe na majongoo, walishuka baharini na pumzi moja tu kifuani, na pumzi hiyo hiyo ndiyo waliyorudi nayo juu. Kwa kuwa hewa waliyoichukua ilikuwa kidogo, na muda wa kukaa chini haukuzidi dakika moja au mbili, bahari iliwadai mengi, masikio na macho na pengine roho, lakini ule ugonjwa ambao habari zake nataka kuzisimulia hapa aghalabu haukuwagusa. Ulingoja mpaka binadamu alipopata chombo cha kumpelekea hewa huko huko chini, ili akae kitako na kufanya kazi saa baada ya saa, asijue kwamba hewa aivutayo katika shinikizo kubwa haiishii mapafuni, bali huingia katika damu, na kutoka katika damu ikaenea katika nyama, mafuta na uti wa mgongo, ikatulia humo pasipo maumivu wala dalili yoyote, hadi saa ile atakapotaka kurejea kwa wenziwe.

Dalili ya kwanza haikuonekana kwa mtu bali kwa nyoka. Robert Boyle, mwanachuoni mzaliwa wa Ireland aliyefanya kazi zake Uingereza, alikuwa na bomba la kunyonya hewa kutoka katika chombo cha kioo, alilolitengeneza pamoja na msaidizi wake Robert Hooke. Na siku moja alimtia kipiri ndani ya chombo hicho, akaitoa hewa, na alipomtazama akaona kiputo kidogo kikienda huku na huku katika maji ya jicho la mnyama yule. Habari hiyo aliitoa mwaka 1670, naye akabashiri kwamba viputo kama hivyo vikizuka katika damu vyaweza kuziba njia zake. Ulikuwa ubashiri wa ajabu, kwani ulisadifu. Walakini kwa muda wa karne moja na nusu na zaidi hapakuwa na mtu aliyekuwa na haja nao, nao ukabaki vitabuni.

Haja ilizuka Ufaransa. Karibu na Chalonnes, kando ya mto Loire, palikuwa na makaa ya mawe yaliyofunikwa na mchanga uliojaa maji, na kila shimo lililochimbwa lilifurika kabla ya kufika kwenye makaa. Mhandisi Charles Triger akabuni hila: alishindilia bomba kubwa la chuma mchangani, akasukuma hewa ndani yake kwa nguvu za mashine mpaka hewa ile ikayafukuza maji, na juu yake akajenga chumba kidogo chenye milango miwili, ili watu waingie na kutoka bila hewa kupotea. Hila ilifaulu. Lakini katika taarifa yake ya mwaka 1841 alitaja, kama mtu atajaye jambo dogo, kuwa wafanyakazi wawili waliokaa ndani saa saba walipatwa na maumivu makali ya viungo baada ya kutoka, wakasuguliwa kwa pombe kali, wakarudi kazini.

Miaka michache baadaye matabibu wawili wa Kifaransa, Pol na Watelle, waliwatazama kwa makini zaidi wachimbaji waliofanya kazi kwa hila ile ile, na mwaka 1854 wakaandika mambo mawili ambayo yangetosha kuwaokoa mamia ya watu lau yangalisomwa na waliopasa kuyasoma. La kwanza ni kwamba kuingia katika hewa ya kushindiliwa hakuna madhara, na gharama yake hulipwa wakati wa kutoka. La pili ni kwamba mgonjwa akirudishwa upesi katika hewa ile ile iliyomdhuru, maumivu yake hupungua. Maradhi na dawa yake, vyote viwili, vilikuwa vimekwisha andikwa, na katika karatasi zile zile.

Sasa tuvuke bahari hadi Marekani, katika mji wa St. Louis, ambako James Eads alikuwa akijenga daraja la chuma juu ya mto Mississippi. Mto ule una mchanga mwingi usiotulia, na Eads alikata shauri kuwa nguzo zake sharti zisimame juu ya mwamba; kwa hiyo akazamisha masanduku makubwa ya chuma yasiyo na sakafu, yajulikanayo kwa jina la kesoni, akayajaza hewa ya kushindiliwa, na vibarua wakawa wanachimba mchanga ndani yake huku ukuta wa mawe ukijengwa juu ya vichwa vyao na kulididimiza sanduku kidogo kidogo. Kadiri kesoni ilivyoshuka ndivyo shinikizo lilivyozidi, maana kila mita 10 za maji huongeza uzito ulio sawa na uzito wa hewa yote iliyo juu yetu tuliokaa ardhini. Kufikia futi 60 vibarua walianza kuchechemea na kushikwa na tumbo, na wenzao wakawafanyia mzaha. Mwezi wa Machi 1870, katika kina cha futi 93, mzaha ulikwisha: mtu mmoja alitoka salama, akasema hana neno, na baada ya muda mfupi akaanguka akafa. Wengine wakafuata, hata kazi ilipomalizika waliokufa walikuwa wamepita kumi, na waliolemaa ni wengi zaidi.

Vibarua, kama desturi ya watu walioachwa bila maelezo, walijitafutia hirizi. Walivaa mikanda ya vipande vya zinki na fedha viunoni, mikononi, miguuni na hata chini ya nyayo, wakiamini kwamba umeme wake utayafukuza maradhi. Mimi siwacheki, kwa sababu elimu ya tabibu wao haikuwa mbele yao sana. Tabibu huyo, Alphonse Jaminet, alikuwa mtu jasiri na mwenye huruma, aliyeshuka mwenyewe ndani ya kesoni kuwatazama watu wake. Na siku moja, baada ya kukaa karibu saa tatu kwenye kina cha futi 95, alitoka katika chumba cha milango miwili kwa dakika tatu na nusu tu. Alifika nyumbani kwa shida, akapooza mikono na miguu, akapoteza usemi, akalala akingojea mauti. Alipona, na kisa chake akakiandika kwa uaminifu wa kupendeza, dakika kwa dakika. Na baada ya kukiandika hivyo akatoa rai kuwa chanzo cha yote ni uchovu. Basi saa za kazi zikapunguzwa, jambo lililosaidia kwa sababu asiyoijua, kwani mwenye kukaa muda mchache chini huchukua hewa kidogo mwilini. Lakini mlango wa kutokea uliendelea kufunguliwa kwa haraka ile ile.

Mjini New York hali haikuwa bora. John Roebling, aliyelisanifu daraja la Brooklyn, alifariki mwaka 1869 kwa pepopunda kabla kazi haijaanza, na mwanawe Washington akairithi. Kesoni ya upande wa Brooklyn haikwenda mbali chini, lakini ile ya upande wa pili ilipita futi 70, na mwezi wa Aprili na Mei 1872 watu walianza kufa. Tabibu Andrew Smith, aliyewekwa kuwatunza, aliorodhesha wagonjwa 110 waliohitaji matibabu. Aliona, kama walivyoona Pol na Watelle, kuwa warudio chini hupata nafuu, akapendekeza kwa kazi za baadaye kijengwe chumba cha chuma cha kuwatia wagonjwa katika hewa ya kushindiliwa. Ila kwa kazi iliyokuwa mbele yake hakukijenga. Washington Roebling alipofika futi 78 na nusu alikabiliwa na uamuzi mzito, maana mwamba ulikuwa bado chini, na kuufuata kungegharimu maisha ya watu wengi. Akautazama mchanga ule, akaona tabaka zake hazikutikisika tangu dahari, akaamuru uchimbaji usimame. Mnara wa upande ule umesimama juu ya mchanga hadi leo. Yeye mwenyewe maradhi yalikwisha mpata, akawa mgonjwa wa kudumu aliyeisimamia kazi kutoka dirishani, huku mkewe Emily akipeleka maagizo na kujifunza uhandisi njiani, mpaka daraja lilipofunguliwa tarehe 24 Mei 1883.

Wakati huo Ufaransa palikuwa na mtu aliyekuwa akilitafuta jibu si juu ya mto bali katika maabara. Paul Bert aliwatia mbwa na wanyama wengine katika vyumba vya chuma, akawapandishia shinikizo, kisha akalishusha ghafula. Na alipowapasua waliokufa alikuta mioyo na mishipa imejaa viputo, na alipovipima viputo akakuta kuwa sehemu kubwa ni naitrojeni, ile hewa ambayo sisi huivuta na kuitoa pasipo kuitumia. Kitabu chake kikubwa cha mwaka 1878 kilibainisha kwamba kutoka polepole ndiyo kinga, na kwamba kumvutisha mgonjwa oksijeni humsaidia. Bert alichunguza pia upande wa pili wa jambo hili, yaani shinikizo pungufu la juu angani, na hapo alipatwa na msiba. Wanaanga watatu, Sivel, Crocé-Spinelli na Gaston Tissandier, waliozoezwa katika chumba chake, walipanda puto lililoitwa Zénith tarehe 15 Aprili 1875 wakiwa na mifuko ya oksijeni. Bert, aliyekuwa mbali na Paris, aliwaandikia kuwaonya kwamba oksijeni yao haitoshi, lakini barua ilichelewa. Walipita mita 8,000. Akili zao zilififia kwa utamu kama usingizi, mikono ikakataa kuifikia mifuko, na puto liliposhuka Tissandier peke yake ndiye aliyekuwa hai.

Dawa iliyoandikwa mwaka 1854 ilipata mtu wa kuitumia barabara baada ya miaka 35, naye hakuwa tabibu. Ernest Moir, mhandisi aliyepelekwa kusimamia njia ya chini ya mto Hudson huko New York mnamo 1889, alikuta watu wakifa takriban mmoja kila mwezi kati ya kikosi kisichozidi hamsini. Akatengeneza chumba cha chuma juu ya ardhi, na kila aliyeshikwa akawa anatiwa humo, akapandishiwa hewa, kisha akashushiwa polepole. Katika miezi kumi na mitano iliyofuata, kati ya watu 120, walikufa wawili.

Hata hivyo, polepole ni kiasi gani? Neno hilo lilikuwa halina kipimo. Mwaka 1905 wakuu wa jeshi la maji la Uingereza, ambao wazamiaji wao walikuwa wakilemaa, walimtaka John Scott Haldane atafute kipimo hicho, naye akakaa katika Taasisi ya Lister mjini London pamoja na Arthur Boycott na Luteni Guybon Damant, wakafanya majaribio kwa mbuzi. Walichagua mbuzi kwa kuwa ukubwa wao ulikuwa unamkaribia binadamu kuliko wanyama wengine waliopatikana kwa urahisi, na pia kwa sababu mbuzi hafichi: akishikwa na maumivu ya goti huinua mguu wa mbele, nao walioandika waliandika.

Haldane alikuwa ameona jambo ambalo wote kabla yake walilipita. Hapakuwa na mzamiaji aliyedhurika kwa kutoka kina cha mita 10, yaani kutoka shinikizo mbili hadi moja, hata akikaa huko muda mrefu na kupanda upesi. Basi akauliza, je, kutoka nne hadi mbili si jambo lile lile, na kutoka sita hadi tatu? Mbuzi walithibitisha kuwa ndivyo. Kinachodhuru ni uwiano baina ya shinikizo la mwanzo na la mwisho, wala si idadi ya futi. Fauka ya hayo, alifahamu kuwa mwili si chombo kimoja. Damu na nyama zilizo na mishipa mingi hujaa upesi na kumwaga upesi, kama mtungi wa mdomo mpana, ilhali mafuta na viungo ni mitungi ya shingo nyembamba, huchukua saa nyingi kujaa na saa nyingi kumwaga. Kwa hiyo ile desturi ya kumpandisha mzamiaji kwa mwendo mmoja, taratibu tangu chini, ilikuwa kosa maradufu: ilimkawiza chini ambako aliendelea kujaa, kisha ikamharakisha karibu na juu ambako ndiko hatari iliko. Haldane akaagiza kinyume chake, mtu apande upesi mpaka nusu ya shinikizo, halafu asimame, kisha apande futi 10 na kusimama tena, kila kituo kikiwa kirefu kuliko kile cha chini yake. Mwezi wa Agosti 1906, katika maji ya Scotland, Damant na mwenzake Andrew Catto walishuka hadi pima 35, wakarudi kwa mpango huo, wala hawakupata dhara. Majedwali yalitolewa mwaka 1908, na majeshi ya maji ya nchi nyingine yakayafuata.

Thamani ya majedwali yale ilionekana katika kazi moja ambayo ningependa ijulikane zaidi. Januari 1917 meli Laurentic, iliyokuwa imebeba dhahabu ya serikali ya Uingereza, iligonga mabomu nje ya Lough Swilly, kaskazini ya Ireland, ikazama na watu zaidi ya 300. Damant alipewa amri ya kuiopoa dhahabu kutoka kina cha karibu mita 40, katika bahari yenye mawimbi makali, ndani ya mabaki yaliyokuwa yakijikunja na kujaa kokoto kila majira ya baridi. Hadi mwaka 1924 wazamiaji wake walikwisha piga mbizi zaidi ya 5,000, wakatoa mikuo 3,186 kati ya 3,211, wala hakufa hata mmoja wao.

Huenda msomaji akadhani kwamba hapo jambo limekwisha. Lakini binadamu alikuwa amekwisha anza kujenga kesoni nyingine, na hii ilikuwa inaruka. Tarehe 2 Mei 1952 ndege ya Comet yenye alama G-ALYP iliondoka London kwenda Johannesburg, ikipitia Rome, Beirut, Khartoum, Entebbe na Livingstone, ikiwa ndiyo safari ya kwanza duniani ya abiria wa kawaida kwa ndege ya jeti. Iliruka hadi futi 40,000, mahali ambapo mtu asiye na oksijeni hupoteza fahamu katika sekunde chache, na kwa hiyo chumba cha abiria kilijazwa hewa kana kwamba kiko futi 8,000 tu. Tofauti ya shinikizo baina ya ndani na nje ilikuwa inausukuma ukuta wa aluminiamu, mwembamba kama ukucha, kwa nguvu ya karibu tani sita kwa kila mita ya mraba. Kila ndege ilipopanda ukuta ulivimba, na kila iliposhuka ukanywea.

Tarehe 10 Januari 1954 ndege ile ile iliondoka Rome kwenda London, na baada ya dakika ishirini hivi, rubani akiwa katikati ya maneno na mwenziwe wa ndege nyingine, sauti yake ikakatika. Wavuvi wa kisiwa cha Elba waliona mabaki yakianguka baharini. Watu wote 35 walikufa. Comet zilisimamishwa, yakafanywa mabadiliko kadhaa, mengi yakitokana na dhana kwamba huenda palizuka moto, na tarehe 23 Machi, sababu haijajulikana bado, zikaruhusiwa kuruka tena. Siku 16 baadaye nyingine ilipotea karibu na Naples ikielekea Cairo, na watu 21 ndani yake. Sioni udhuru wa marejeo yale.

Dalili zilikuwapo. Mjini Pisa, Dakta Antonio Fornari aliyechunguza maiti za Elba alikuwa amekuta mapafu yaliyopasuka na mafuvu yaliyovunjika, pasipo alama za kuungua kabla ya mauti. Naye alisema wazi kwamba hewa ilitoka chumbani kwa kishindo, na watu wakarushwa kichwa mbele. Jeshi la maji la Uingereza likaenda kuyatafuta mabaki katika kina cha karibu mita 180, na kwa kuwa hapo mzamiaji wa kawaida hawezi kufanya kazi, mtazamaji alishushwa ndani ya kengele ya chuma iliyohifadhi hewa ya juu, na kamera ya televisheni ikatumiwa chini ya maji.

Huko Farnborough, Uingereza, katika kituo cha utafiti wa ndege, Arnold Hall na wataalamu wake walilitia tangini umbo la Comet nyingine, mabawa yakiwa nje, wakalijaza maji ndani na nje, wakawa wanaongeza na kupunguza shinikizo kana kwamba ndege inapanda na kushuka, usiku na mchana. Walichagua maji kwa hikima: hewa ya kushindiliwa ingelipasua umbo lote na kuufuta ushahidi, ilhali maji hayashindiliki, na ufa unapoanza husimama hapo hapo ulipo. Mwezi wa Juni 1954 ukuta ulipasuka kutoka pembeni mwa kitundu kimoja, baada ya safari 3,057 kwa jumla, 1,221 za angani na zilizobaki za tangini. Kisha kipande cha paa la G-ALYP kilichoopolewa baharini kikaonyesha ufa ulioanzia kwenye tundu la ribiti, kwenye pembe ya nafasi moja ya paani. Ndege ile ilikuwa imeruka mara 1,290. Watengenezaji hawakuwa wazembe, walikuwa wamejaribu maelfu mengi ya mara; ila umbo walilolijaribia walikuwa wamelipandishia kwanza shinikizo kubwa kupita kiasi ili kupima nguvu zake, na shinikizo hilo likazifinyanga pembe za madirisha na kuzikaza, zikadumu muda ambao zile za ndege za abiria zisingeweza kuufikia.

Baraza la uchunguzi chini ya Lord Cohen lilikaa hadharani mwishoni mwa mwaka 1954, na ripoti yake ikachapishwa mwaka uliofuata, ikasomwa na kila mtengenezaji wa ndege, washindani wakiwamo. Hapo ndipo naona tofauti kubwa na habari za mwanzo. Vibarua wa St. Louis walikufa kwa jambo lililokuwa limekwisha andikwa, kwa sababu hakuna aliyeona kuwa inampasa kwenda kulisoma; abiria wa Comet walikufa kwa jambo ambalo bado halikujulikana sawasawa, na lilipojulikana halikufichwa. Mwaka 1960 Shirika la Ndege la Afrika Mashariki lilipokea Comet zake, za aina ya nne, zenye ngozi nene zaidi na madirisha yasiyo na pembe, nazo zikawa zinawachukua abiria wetu baina ya Nairobi na London.